Muheza, Mvomero au Mwanga: wapi ununue shamba chini ya mlima

Shemeji yangu anastaafu ualimu mwakani. Mwezi uliopita alikuja nyumbani na daftari la mahudhurio, ukurasa wa mwisho kaandika maneno matatu kwa wino mwekundu: Muheza, Mvomero, Mwanga. Anataka ekari chache, nyumba ya vyumba vitatu na banda la kuku. Dada yangu, mkewe, anataka hewa ya baridi na hospitali isiyo mbali. "Nataka niamke nauona mlima," shemeji alisema, "lakini sitaki kuupanda kila nikiishiwa chumvi."

Hakuchagua ovyo. Wilaya zote tatu ni za vijijini, na zote zimekaa miguuni mwa Milima ya Tao la Mashariki, ule mnyororo wa milima mikongwe unaoanzia Taita nchini Kenya na kushuka kupitia Upare, Usambara, Nguru na Uluguru hadi Udzungwa. Muheza, mkoani Tanga, iko chini ya Usambara Mashariki. Mvomero, mkoani Morogoro, ina Nguru upande mmoja na Uluguru upande mwingine. Mwanga, mkoani Kilimanjaro, ni wilaya ya Upare Kaskazini. Sensa ya 2012 ilihesabu watu wapatao 131,000 Mwanga, 204,000 Muheza na 312,000 Mvomero. Nimezunguka zote tatu kwa miaka tofauti, mara nyingine kwa kazi, mara nyingine kwa harusi na misiba, na haya ndiyo niliyomwandikia.

Kwanza: wilaya ya mlimani ni wilaya mbili

Ukimwambia mtu "nanunua Mwanga", bado hujamwambia kitu. Juu kuna ubaridi, migomba, chemchemi na vishamba vidogo vya ukoo. Chini kuna joto, lami, ardhi pana, na maji ya kuulizia. Kutoka juu hadi chini unaweza kuteremka kwa daladala moja, lakini maisha ni mengine kabisa. Kwa hiyo kila nikitaja wilaya hapa chini, jiulize kwanza: juu au chini?

Nimezipima kwa mambo matano. *Maji*, na ninasema maji ya Septemba. Aprili kila korongo lina maji. *Ardhi*: inapatikana, na anayeuza ni mwenyewe kweli? *Pesa*: nini kinaingiza, na baada ya muda gani? *Njia na tiba*, maana mstaafu huzeeka. Na *majirani*, jambo ambalo madalali hawalitaji hata siku moja.

Sheria ni ile ile kote. Sehemu kubwa ya ardhi utakayoonyeshwa ni ardhi ya kijiji, inayosimamiwa na Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, kwa hiyo mauziano bila halmashauri ya kijiji ni karatasi tu. Pia Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Chini ya mlima kijito kipo kila mahali, na kila muuzaji atakisifia. Binamu yangu aliuziwa ekari mbili kando ya kijito kizuri sana. Alipokuja kupima mita 60 kwa kamba ya katani, shamba lililobaki lilikuwa la kutosha kibanda na miti ya mipapai.

Muheza

*Maji.* Hapa ndipo mawingu ya Bahari ya Hindi hukutana na ukuta wa kwanza. Amani, juu, hupata karibu milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, na mto Zigi unaotoka huko ndio unaonywesha jiji la Tanga kupitia bwawa la Mabayani. Chini, mji wa Muheza na vijiji vyake, kuna masika na vuli, mvua ya kutosha miti ya matunda. Lakini mlima kuwa na maji haina maana bomba la kitongoji chako lina maji. Omba kufunguliwa koki.

*Ardhi.* Hapa inabana kuliko unavyodhani ukiitazama kutoka dirisha la basi. Tangu enzi ya Wajerumani, tambarare bora zilichukuliwa na mashamba ya mkonge. Juu kuna chai na Hifadhi ya Mazingira Asilia ya Amani, iliyotangazwa 1997. Kijiji hubaki katikati. Baadhi ya mashamba makubwa yaliyotelekezwa yamewahi kufutiwa hati na kugawiwa wananchi, jambo jema, ila historia yake hufanya hati zitofautiane. Ukionyeshwa shamba lenye mikonge mizee pembezoni, uliza lilikuwa la nani, lilifutwa lini, na nani aligawa.

*Pesa.* Machungwa chini, viungo juu. Chungwa la Muheza mgeni hulikataa mara ya kwanza, kwa sababu ngozi yake ni ya kijani hata likiwa limeiva. Usiku wa pwani hauna baridi ya kuligeuza rangi. Lipasue: ndani ni manjano, na juisi inakuchuruzika hadi kwenye kiwiko. Malori ya Kenya hulifuata hapo hapo shambani. Mchungwa wa kubebeshwa huanza kuzaa mwaka wa tatu au wa nne, na ukishaanza hukulipa miaka mingi bila kulima upya. Tatizo ni kwamba wote huiva pamoja. Msimu ukikolea bei huporomoka, na mwenye shida ya ada ya shule huuza matunda yakiwa bado mtini, madogo kama golori, kwa bei anayoitaja mnunuzi. Anayestahimili ni yule asiyetegemea machungwa kula kesho.

Juu Amani ni mdalasini, karafuu, pilipili manga inayopanda kwenye miti mingine, na iliki. Viungo vina sifa moja ambayo mstaafu anapaswa kuipenda: vikikauka vizuri, vinaweza kukaa stoo vikisubiri bei. Chungwa halisubiri. Iliki inapenda kivuli cha msitu, ndiyo maana imewahi kuutia msitu mashakani. Usinunue "shamba la iliki" bila kujua mpaka wa hifadhi uko wapi.

*Njia na tiba.* Muheza ipo kwenye lami ya Segera kwenda Tanga, na Tanga mjini haifiki saa moja. Reli ya kwanza nchini ilianza kujengwa Tanga mwaka 1893 na kupita hapa. Hospitali Teule iko mjini kabisa. Kupanda Amani ni habari nyingine, kona juu ya kona. Masika uliza hali ya njia kabla ya kutoka. Na tumia chandarua. Kituo cha utafiti cha Amani cha NIMR, taasisi ya taifa ya utafiti wa magonjwa, kipo Muheza, na watafiti wa malaria hawakukaa hapo kwa kupenda machungwa.

*Majirani.* Wabondei, ambao jina lao lenyewe linatokana na bonde, Wasambaa, Wadigo, Wazigua, na wajukuu wa manamba waliokuja kukata mkonge kutoka kila pembe ya nchi. Mgeni hapa hamshangazi mtu. Ukitoa salamu vizuri na kuhudhuria misiba, mwaka wa pili umeshakuwa wa hapo.

Mvomero

Hii ndiyo kubwa na ngumu kuieleza kwa neno moja. Ilimegwa kutoka Morogoro Vijijini, na ukiizunguka utaona mpunga, miwa, nyanya, kabichi na chuo kikuu bila kutoka wilayani.

*Maji.* Upande wa Turiani, mito inayoshuka Nguru haikauki kirahisi. Skimu ya Mkindo na ile kubwa ya Dakawa, inayotumia mto Wami, zinalima mpunga kwa umwagiliaji. Uluguru nao wanashusha maji Mlali na Mgeta. Kasoro ni upande wa pili: tambarare za Wami hufurika. Shamba la bei poa karibu na mto, uliza wenyeji maji yalifika wapi mwaka wa mvua nyingi. Watakuonyesha alama ukutani.

*Ardhi.* Kuna ardhi kuliko Muheza, na umbali wa kutoka Dar ni mfupi, kwa hiyo wanunuzi ni wengi na madalali ni wengi zaidi. Lakini kuna jambo moja la kulijua usiku na mchana: Waluguru na Wanguu hufuata ukoo wa mama. Shamba la ukoo halimilikiwi na mwanamume anayelilima peke yake. Mjomba ana neno, na dada zake wana neno. Nilimsindikiza rafiki mmoja karibu na Mlali kuangalia ekari tatu. Muuzaji alikuwa mchangamfu, kashika panga, anatuonyesha mipaka mti kwa mti. Tulipofika mgombani, mama mmoja mzee alikuwa amekaa kwenye kigoda anamenya maharage.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba, wanangu. Mmekuja kununua?"

"Ndiyo bibi, tunaangalia angalia."

"Angalieni. Lakini mjomba wake yuko Kilosa, na hajaambiwa."

Yule muuzaji alicheka, akasema bibi amezeeka. Hatukununua. Kama hujui ukoo, mwombe mwenyekiti wa kitongoji awaite ndugu wa muuzaji upande wa mama, wakae, waseme mbele ya watu. Soda za kreti moja ni nafuu kuliko kesi ya miaka sita kwenye baraza la ardhi.

*Pesa.* Hapa fedha huzunguka haraka. Mpunga ni wa msimu mmoja, nyanya za Doma na Mlali ni miezi michache, na ukipata bei ya Dar wiki ile unayochuma, umelipwa. Ukiikosa, unamwaga. Miwa ya Mtibwa ni ya subira zaidi: unapanda mara moja, unavuna na kuacha ichipue tena, lakini mnunuzi ni kiwanda kimoja, na mwenye mnunuzi mmoja hana bei, ana subira tu. Mgeta, juu Uluguru, ni ulimwengu wake: kabichi, karoti na viazi kwenye miteremko mikali, na mbuzi wa maziwa walioletwa miaka ya 1980. Wamama hushusha mizigo ya mboga kichwani kabla hakujapambazuka ili wawahi magari. Kwa mtu wa miaka 60, Mgeta ni pa kutembelea.

Na kuna pesa isiyo ya jembe. Chuo Kikuu cha Mzumbe kipo ndani ya wilaya hii, na wanafunzi wanahitaji vyumba. Wapo wastaafu wasiolima hata mchicha, wanaishi kwa kodi ya vyumba sita. Sioni aibu yake.

*Njia na tiba.* Hapa Mvomero inawashinda wote kwa mtu wa Dar. Morogoro ni kilomita karibu 190, na tangu 2024 treni ya SGR, ile reli mpya ya kisasa, imeifanya safari hiyo kuwa ya kwenda na kurudi siku moja. Kutoka Magole kwenda Turiani ni lami. Turiani kuna hospitali ya Bwagala. Kwa makubwa zaidi ni Morogoro mjini.

*Majirani.* Nitasema wazi. Baadhi ya vijiji vya tambarare, Hembeti na Kambala vikiwemo, vimewahi kutajwa sana kwenye habari kwa ugomvi wa wakulima na wafugaji, hasa Bonde la Mgongola. Si wilaya nzima, wala si kila mwaka. Lakini kabla ya kulipia, kaa kijijini wiki moja kiangazi, wakati ng'ombe wanatafuta maji, uone njia yao inapita wapi. Kama inapita katikati ya shamba lako, tatizo si ng'ombe.

Mwanga

*Maji.* Simama stendi ya Mwanga saa nane mchana: vumbi, miiba, jua linakuangalia bila huruma. Inua macho: juu kule Usangi na Ugweno ni kijani kibichi na ukungu. Mawingu hufika huku yakiwa yamechoka, na kilichobaki hudondokea mlimani. Tambarare hupata mvua chini ya milimita 600 kwa mwaka, sehemu nyingine hata 400. Wapare hawakungoja mkutano kuhusu hilo. Walichimba *ndiva*, mabwawa madogo ya kukusanya maji ya vijito usiku na kuyagawa mchana kwa zamu, na nyingine zinatumika hadi leo. Kwa matumizi ya nyumbani, mambo yamebadilika: mradi wa maji wa Same, Mwanga na Korogwe, unaochota bwawa la Nyumba ya Mungu, ulizinduliwa mwaka 2025 baada ya kusubiriwa miaka mingi. Uliza tu kama bomba limefika kitongoji chako au limepita.

*Ardhi.* Juu, sahau, isipokuwa una damu ya huko. Vihamba, yaani mashamba ya ukoo, ni vidogo, vimegawanywa vizazi na vizazi, mipaka yake ni mimea ya masale, na kaburi la babu liko nyuma ya jiko. Ndani yake kuna misitu ya jadi, mpungi, ambayo hakuna mtu anayeigusa. Chini, kando ya barabara kuu, viwanja vipo, vimepimwa kwa kiasi kikubwa kuliko utakavyokuta Muheza au Mvomero vijijini, na ndivyo ningemwambia mtu anunue: kiwanja, si shamba.

*Pesa.* Usiende Mwanga kutafuta utajiri wa kilimo. Kahawa na ndizi ziko juu, kwa wenyewe. Chini kuna mkonge, mifugo, na perege wa Nyumba ya Mungu, ambao wakikaangwa pale pale ufukweni na kuliwa na ugali wa moto hukusahaulisha hesabu zote. Uvuvi huwahi kufungwa kwa muda ili samaki wazaliane, basi usiweke maisha kwenye mtumbwi. Kinacholipa ni barabara: duka, gereji, nyumba ya kulala wageni, kwa kuwa kila basi la Dar kwenda Moshi na Arusha linapita hapo.

*Njia na tiba.* Hili ndilo turufu la Mwanga. Moshi ni mwendo wa kama saa moja kwenye lami tupu, na Moshi kuna hospitali kubwa ya rufaa, KCMC. Kwa mwenye kisukari, moyo au figo, hiyo saa moja ina thamani kuliko ekari kumi za machungwa. Dar, kwa upande mwingine, ni kama kilomita 500. Wajukuu watakuja Desemba.

*Majirani.* Watu watulivu, wanaothamini shule na kumbukumbu za maandishi kuliko sehemu nyingi nilizopita. Hata mkutano wa kijiji una muhtasari unaosomeka. Aliyekuwa Waziri Mkuu, Cleopa Msuya, alitoka Usangi. Wilaya ina jirani mwingine mzito, lakini: upande wa mashariki, Kwakoa, Kigonigoni na Jipe, tembo huvuka na kula mahindi usiku mmoja. Magharibi, kando ya barabara kuu, hutawaona.

Kwa hali yako

Unahitaji shamba likulipe ndani ya mwaka, na una nguvu au kijana wa kumsimamia: Mvomero, upande wa Turiani au Mkindo, na ukodi msimu mmoja kabla ya kununua. Kukodi kutakufundisha ukoo, maji na ng'ombe kwa gharama ya gunia chache.

Una pensheni ya kula, una miaka kumi ya kungoja, na unapenda miti: Muheza. Panda machungwa na viungo pamoja kama mahali panaruhusu, ili usilazimike kuuza chochote wiki ambayo kila mtu anauza.

Afya ndiyo inayokuamulia: Mwanga, chini, kiwanja kilichopimwa, bustani ya mchicha kwa maji ya bomba. Ukitaka ubaridi wa Usangi, panga chumba wiki mbili kila Juni ukiwa mgeni.

Uko Dar na utakuwa mkulima wa simu na wikiendi: Mvomero kwa umbali, lakini tafadhali usilime nyanya. Nyanya haimngoji mtu aliye kwenye foleni ya Kimara. Vyumba vya kupangisha Mzumbe vinamvumilia mwenye nyumba aliye mbali. Miwa pia, kwa kiasi.

Una ng'ombe: Mwanga tambarare kama una uhakika wa maji, na wawe wachache wa kufugwa ndani. Kuingiza kundi jipya Mvomero ni kuongeza kuni kwenye moto wa mwenzako.

Na kama wewe na mwenzako mnataka vitu tofauti, kama hawa wangu wawili, msitafute wilaya yenye vyote. Amueni nani atavumilia nini. Dada alisoma barua yangu, akapigia mstari KCMC. Shemeji alipigia mstari machungwa. Wamepanga safari ya kwanza Septemba, kabla ya vuli, wakati kijito kiko kwenye hali yake mbaya kabisa: Muheza siku tatu, kisha basi la kwenda Mwanga siku tatu. Mvomero imewekwa akiba. Nimewaambia wabebe futi ya kupimia, ile ndefu ya fundi, na wasimwambie mtu yeyote kwamba ni wastaafu.